Gemu za zamani kwenye laptopu za shule: maswali yanayorudi kila siku

Haya ndiyo maswali ninayoulizwa pale kibandani Langoni, hapa Amu, wengine wananitumia WhatsApp usiku wa manane na picha ya skrini iliyopigwa gizani haionekani kitu. Nimechoka kujibu mmoja mmoja, nimeyaweka pamoja. Kama swali lako hulioni, huenda jibu lake limejificha ndani ya swali jingine, kwa hiyo soma kwanza ndo uniulize.

## Ya mwanzo

Emyuleta ni kitu gani hasa?

Ni programu inayojifanya mashine nyingine. Gemu ya Super Nintendo, ile mashine ya gemu ya 1990 ya kuchomeka kwenye TV, iliandikwa kwa lugha ya prosesa ya Super Nintendo, na prosesa ya laptopu yako haiijui lugha hiyo hata neno moja, sasa emyuleta inakaa katikati kama mkalimani, inachukua amri moja inaigeuza inaipitisha, halafu inayofuata, mamilioni ya mara kwa sekunde. Na si prosesa tu. Mashine zile zilikuwa na chipu ya picha na chipu ya sauti, nazo pia lazima ziigizwe, na mzigo wote unamwangukia huyo huyo Celeron wako maskini, yaani prosesa ya bei nafuu iliyo ndani ya laptopu hizi.

Emyuleta yenyewe haina gemu ndani. Watu wanaidaunlodi wanaifungua wanaona skrini nyeusi wanasema mbovu. Si mbovu, hujaipa gemu.

Yangu ni ile ndogo ya shule ya inchi 11, itaweza?

Itaweza mengi, ila haitaweza lile ambalo pengine ndilo ulilokuja nalo. Zinazonijia zaidi ni HP x360 11 EE, ThinkPad 11e, HP Stream na Dell Chromebook 11, nyingi zilitumika kwenye shule za ng'ambo zikaja huku mitumba, nyingine bado zina stika ya shule mgongoni. Ndani unakuta Celeron N3060 au N3350 na RAM 4GB.

Kwa mashine ya aina hiyo, NES (iliyotoka Japani 1983), Game Boy, Mega Drive, Super Nintendo na Game Boy Advance zinakwenda bila jasho. PlayStation ya kwanza, ile ya 1994, inakwenda vizuri ukichagua emyuleta nyepesi. Nintendo 64 na PSP (ile PlayStation ya mkononi) ni bahati nasibu, gemu hii inakubali ile inagoma. PS2, GameCube na Wii, hapo ndugu yangu tusidanganyane, soma swali la PS2 huko chini.

Mtu akija na laptopu siku hizi simuulizi ina nguvu gani, namuuliza yuko tayari kurudi nyuma miaka mingapi. Akikubali kurudi 1998 tunaelewana.

Laptopu ya 2016 inashindwaje na mashine ya 1990?

Swali zuri na watu hawaliulizi vya kutosha. Prosesa ya Super Nintendo ilikuwa na kasi isiyozidi 3.58 MHz, Celeron N3060 inaanzia 1.6 GHz, yaani zaidi ya mara 400. Ukipiga hesabu hiyo peke yake unaona hakuna haja hata ya kuuliza.

Lakini kuiga si kazi sawa na kufanya. Chipu za mashine ya zamani zilikuwa zinafanya kazi pamoja kwa wakati mmoja, emyuleta inabidi izifuate zote na zisipishane. Ukitaka zifuatane kwa usahihi kamili, bei inapanda vibaya. ZSNES, emyuleta ya Super Nintendo ya 1997, ilikuwa inakimbia kwenye kompyuta za Pentium za wakati ule kwa sababu ilikuwa inaruka mambo na kukisia, halafu 2011 aliyeandika bsnes, emyuleta nyingine ya mashine hiyo, akaeleza kwamba kuiga Super Nintendo bila kosa kunataka prosesa ya 3 GHz hivi. Mashine ile ile, gemu zile zile, tofauti ni usahihi tu.

Ndo maana rafiki yako anacheza vizuri na wewe unakwama na laptopu zenu mapacha. Mwenzio ana Snes9x, emyuleta nyepesi, wewe una bsnes. (Na ZSNES usiiguse leo, imezeeka na ina matundu ya usalama yanayojulikana.)

Nianze na programu gani?

Kama hutaki kuumiza kichwa chukua RetroArch, ni moja lakini ndani yake unaweka vijiprogramu vya kila mashine, wenyewe wanaviita kori. Kwa laptopu hizi weka FCEUmm kwa NES, Snes9x kwa Super Nintendo, PicoDrive au Genesis Plus GX kwa Mega Drive, mGBA kwa Game Boy zote, na PCSX-ReARMed kwa PlayStation. Ukiona jina lina neno Beetle au bsnes pita mbali, ni nzuri lakini si za mashine hii.

Wengine menyu ya RetroArch inawachanganya, na kusema kweli ni kama vichochoro vya mtaa wa Mkomani hapa Amu, ukishaingia hujui ulipotokea. Basi chukua moja moja, mGBA peke yake ni programu safi nyepesi, PPSSPP peke yake kwa PSP. Daunlodi kwenye tovuti za wenyewe, retroarch.com, mgba.io, ppsspp.org, si zile kurasa zenye vitufe kumi vya kijani.

## Kuweka na kutafuta nafasi

Diski imejaa, 32GB na Windows imekula yote. Gemu nitaweka wapi?

Habari njema ni kwamba gemu za zamani ni ndogo kuliko picha za harusi ulizotumiwa kwenye simu. Super Mario Bros ya NES ni kilobaiti 40. Game Boy Advance haizidi megabaiti 32, Nintendo 64 haizidi 64. Hata bando la kukwangua linatosha.

Shida inaanza na gemu zilizokuja kwenye CD. CD moja ya PlayStation inafika megabaiti 650 hadi 700, PSP inafika gigabaiti 1.8. Hizo ziweke kwenye memori kadi au flashi, emyuleta haijali gemu imekaa wapi. Na zile faili za bin na cue, ambazo ndizo nakala ya CD, zigeuze ziwe CHD, faili moja iliyobanwa, kwa programu ya chdman, zinapungua sana na badala ya faili nyingi unabaki na moja.

Windows inakataa kuinstoli, inasema apu za Store peke yake.

Hiyo ni Windows ya S mode, laptopu nyingi za wanafunzi zinakuja nayo. Unaweza kutoka kwenye S mode bure kupitia setingi, lakini ukitoka hakuna kurudi. Kama laptopu ni yako toka. Kama ni ya shule usitoke, soma swali la mwisho.

Nina Chromebook, je?

Angalia kwanza kama iko huru. Mimi mwenyewe niliwahi kuuziwa tatu kwa mpigo, bei nzuri, muuzaji anacheka, nimezivusha na boti kutoka Mokowe nafungua ya kwanza inaniambia kifaa hiki kinasimamiwa na shule fulani huko Marekani, ya pili vilevile, ya tatu vilevile. Kufuta kila kitu hakusaidii, ukimaliza tu na kuingia kwenye intaneti inarudi pale pale, maana usajili hauko ndani ya diski, uko kwa Google. Wa kuitoa ni shule iliyoisajili. Kwa hiyo kabla hujalipa, mwambie muuzaji aifute mbele yako na aiunganishe na waifai. Akikataa ondoka.

Ikiwa huru, njia fupi ni Play Store, RetroArch na PPSSPP zimo. Ile njia ya kuwasha Linux inafanya kazi lakini inakula RAM na nafasi, kwa 4GB mimi simshauri mtu.

BIOS ni nini, na kwa nini PlayStation inaidai?

Ni programu ndogo iliyokuwa ndani ya mashine yenyewe, ndiyo iliyokuwa inaamka kwanza na kuonyesha nembo. Ni mali ya Sony, haiji na emyuleta. PCSX-ReARMed ina ya kwake ya kuigiza kwa hiyo gemu nyingi zitafunguka bila kuitafuta, chache zitagoma. NES na Super Nintendo hazihitaji, mGBA inajitegemea, PPSSPP nayo haihitaji.

Hivi hii ni halali au tunaiba?

Emyuleta yenyewe ni halali. Sony waliishtaki Connectix, kampuni iliyotengeneza emyuleta ya PlayStation, huko Marekani na mwaka 2000 mahakama ya rufaa ikawapa haki Connectix. Gemu ndo ina mwenyewe, na hapa Kenya Sheria ya Hakimiliki ya 2001 inalinda programu za kompyuta sawasawa na vitabu. Kwamba gemu imezeeka haimaanishi imeachwa.

Sasa najua mnachofanya, na mimi siuzi gemu kwenye flashi kwa hiyo msiniulize. Lakini kuna gemu za halali kabisa ambazo watu hawazijui. Ndani ya RetroArch kuna sehemu ya kudaunlodi vitu vya bure, Cave Story ya 2004 imo, na ni gemu ambayo ungelipia ukaridhika. Kuna Tobu Tobu Girl ya Game Boy, bure na hata msimbo wa programu yake uko wazi kwa kila mtu. Na tovuti ya itch.io imejaa gemu mpya zilizoandikwa juzi kwa mashine za zamani.

Jambo moja: ukidaunlodi gemu ya Super Nintendo ikaja na mwisho wa .exe, hiyo si gemu, ni virusi. Gemu huishia .sfc, .nes, .gba na kadhalika. Laptopu nne nimezifuta mwaka huu kwa hilo tu.

## Inakwamakwama

Gemu inavuta miguu, nifanye nini kwanza?

Chomeka chaja. Kweli kabisa. Ikiwa kwenye betri Windows inapunguza kasi ya prosesa makusudi. Na chaja iwe ya mashine hiyo, kuna Dell zisipoitambua chaja zinajipunguza zenyewe hata kama taa ya chaji inawaka.

Halafu funga Chrome. Si kuishusha chini, kuifunga. Kwa RAM 4GB, tabu sita za Chrome na YouTube moja zinamaliza kila kitu. Angalia pia kama Windows inajisasisha kimya kimya, kwenye diski hizi ndogo za eMMC ikianza kuandika kila kitu kinasimama, ukiona hivyo nenda kanywe kahawa urudi.

Baada ya hapo ndo uingie setingi za emyuleta. Zima sheda, zile za kufanya picha ionekane kama TV ya zamani, zima kurudisha gemu nyuma (rewind), zima run-ahead, ile ya kukimbiza gemu mbele ili vitufe visichelewe. Picha ya PlayStation na PSP iache kwenye saizi yake ya asili, mara 1, watu wanaweka mara 4 halafu wananililia. Washa threaded video. Kama bado, ruhusu kuruka fremu moja, yaani picha moja isichorwe, macho yatazoea.

Sauti inakwaruza kama redio ya mbao.

Sauti ndiyo inayolia mwanzo prosesa ikichelewa hata kidogo. Nenda setingi za sauti upandishe latensi, ule muda wa kuchelewesha sauti, kutoka milisekunde 64 mpaka 96 au 128. Sauti itachelewa kiduchu baada ya kubonyeza lakini itakuwa safi. Kama inakwaruza na gemu yenyewe inavuta miguu, hiyo si shida ya sauti, rudi swali la juu.

Dakika kumi za kwanza safi kisha inachoka. Mbona?

Joto. Laptopu nyingi hizi hazina feni kabisa, zinapoa kwa bati la ndani tu, na zikipata moto prosesa inajipunguza isiungue. Ziliundwa kwa darasa la nchi ya baridi, sasa wewe unaicheza hapa Amu mwezi wa pili, kaskazi inavuma, chumba hakina dirisha, na umeiweka juu ya godoro. Itafanya nini?

Itoe kitandani. Iweke juu ya meza na uinyanyue kwa vizibo vinne vya soda, kimoja kila pembe, usicheke, inasaidia. Cheza barazani jioni, wakati watoto wametoka chuoni na upepo umeshuka. Lakini usiizoeze kukaa ufukweni, hewa ya chumvi na unyevu vinaila ndani taratibu, nimefungua za Shela ambazo skrubu zimeota kutu na soketi ya chaja imegeuka kijani, na hapo spea mpaka itoke Mombasa.

Inaonyesha kasi 100% lakini mbona naiona pole pole?

Umepata toleo la Ulaya. TV za huko zilikuwa zinaonyesha picha 50 kwa sekunde, za Marekani na Japani 60, na gemu nyingi zilihamishwa bila kurekebishwa kwa hiyo kila kitu hadi muziki kinakwenda taratibu. Laptopu haina kosa. Tumia toleo la 60.

Nikibonyeza vitufe vitatu pamoja kimoja hakisikii.

Kibodi za bei nafuu ndivyo zilivyotengenezwa, michanganyiko mingine haiwezi kuisoma. Hakuna setingi ya kuponya hilo. Hamisha vitufe, mara nyingine kuhama kutoka Z na X kwenda K na L kunatosha, au nunua pedi ya USB. Pedi ya kawaida tu isiyo na jina inafaa.

## Mpira, PS2 na ndoto nyingine

Nataka kucheza mpira wa PS2 tu, sina haja na mengine.

Nusu ya vijana wanakuja na hili. PS2 kwenye Celeron hizi haiwezekani. PCSX2 ya sasa inataka prosesa na grafiki zenye nguvu ya maana, na Celeron hizi hazina hata zile amri za AVX2 ambazo programu hiyo inazipendelea. Utafungua, utaona menyu, utafurahi, mpira ukianza wachezaji watatembea kama wako ndani ya maji ya bahari. Usilipe mtu anayekuambia ana setingi za siri.

Lakini mpira upo. Konami walitoa Pro Evolution Soccer 2 hata kwa PlayStation ya kwanza, picha za pembe pembe lakini ukishazama humo unasahau. Au jaribu wa PSP, swali linalofuata.

PSP je?

Jaribu tu, PPSSPP haili nafasi. Kwenye prosesa ya Pentium N4200, yenye kori nne za prosesa, mambo ni mazuri kiasi, kwenye N3060 chagua gemu za picha bapa. Saizi mara 1, ruka fremu moja, na kama inatoa chaguo la Vulkan na OpenGL, njia mbili za kuchora picha, jaribu zote mbili, mashine mapacha zinatofautiana na sijaona kanuni.

## Mambo ya pembeni

Umeme ulikatika na gemu yangu yote imepotea.

Pole sana. Kuna seivu mbili. Ile ya ndani ya gemu, pale mhusika wako anapokwenda kulala kwenye nyumba ya wageni au vyovyote, na ile ya emyuleta inayopiga picha ya hali yote, kwenye RetroArch ni F2 kuweka na F4 kurudisha. Watu hawajui kwamba ile ya kwanza RetroArch inaweza kuiweka kwenye kumbukumbu tu na kuiandika kwenye diski unapofunga gemu. Betri yenye dakika tatu, stima ikaenda, hujafunga: imekwenda nayo. Ndani ya setingi za kuseivu kuna muda wa kuandika wenyewe, weka sekunde 10 na shida imekwisha.

Usitegemee F2 peke yake. Ukisasisha kori ile picha ya zamani inaweza isifunguke, seivu ya ndani ya gemu itafunguka.

Tuko wawili, laptopu mbili, tucheze pamoja bila bando?

Mnaweza. Mmoja awashe hotspoti ya simu, data izimwe, laptopu zote mbili ziingie humo, halafu tumieni netplay ya RetroArch, yaani kucheza kwa mtandao. Kori iwe toleo lile lile na gemu faili ile ile kabisa, ikitofautiana kidogo itagoma. Kumbukeni netplay inaifanya prosesa ihesabu fremu tena na tena, kwa hiyo NES na Mega Drive ndiyo, PlayStation hapana. Au pedi mbili laptopu moja, na kelele zile zile.

Naweza kucheza bila kugusa Windows kabisa?

Ndiyo, weka Batocera, mfumo mzima wa gemu unaowaka badala ya Windows, kwenye flashi ya USB 3, zima laptopu, washa huku unabonyeza F9 kwa HP au F12 kwa Dell na Lenovo, chagua flashi. Huenda ikabidi uzime Secure Boot, ulinzi unaozuia mifumo mingine kuwaka. Ukichomoa flashi Windows yako iko vile vile, na kwa kuwa ni Linux nyepesi isiyo na mambo mengi mara nyingi inakimbia kuliko ndani ya Windows.

Laptopu si yangu, ni ya shule. Nifanye kimyakimya?

Usifanye. Ikiwa na paswedi ya BIOS ya laptopu (si ile ya PlayStation) au inasimamiwa, mtu aliiweka kwa sababu, na mara nyingi mwalimu wa kompyuta ndiye aliyetia sahihi yake kuzipokea. Juzi kaniletea mtoto wa darasa la saba moja imegoma kuwaka, anatetemeka, alifuata video akafuta sehemu ya diski asiyoijua. Nikairudisha, lakini nikamwambia aende kwa mwalimu aseme mwenyewe.

Akaenda. Mwalimu alipokuja kwangu sikujua kama kaja kugombana, kumbe anauliza ile ya Batocera, kama flashi moja inaweza kutumika kwenye laptopu kumi za klabu Ijumaa bila kuharibu kitu. Inaweza mwalimu, moja baada ya nyingine, lakini kwa kumi pamoja lete flashi kumi.